Nyama ya Shemeji Asiyekula Ngano

Nyamirambo, Jumapili jioni

Asia na Mwamini, ndugu zangu,

Leo nimejiaibisha mbele ya ukoo mzima wa mume wangu. Si aibu ndogo ya kujikwaa ukaangusha sinia. Ni ile inayokufanya ukae jikoni peke yako ukijisemesha. Nawaandikia sasa hivi, kabla Idi hajaanza kuwasimulia wateja wake, maana mume wangu akishakaa kwenye cherehani hana siri hata moja. Afadhali jambo hili mlipate kwangu, huko Bujumbura mliko, kuliko kulipata limeshaongezwa chumvi.

Shemeji Masudi mnamkumbuka. Yule kaka mkubwa wa Idi, anayeuza vitambaa Butare. Kila baada ya wiki mbili huja Kigali kuchukua mzigo. Ijumaa hufikia Muhima kwa Zaina, mke wa mdogo wao, ambako ndiko anakoishi mama mkwe wangu. Jumapili hupita kwetu kuaga, anakula chakula cha mchana, kisha anarudi kwake.

Sasa, miaka miwili iliyopita nilimpikia chapati. Alikula moja. Aliila polepole, kwa heshima, akaomba maji mara tatu. Safari iliyofuata, kabla sijafunua hata sufuria, akaniambia kwa sauti ya huzuni kwamba dogiteri amempima na kumkataza kabisa vitu vya ngano. Mkate, maandazi, chapati, vyote. Tumbo lake halivipokei, na akaomba iwe siri ya nyumba yetu.

Nilimwamini. Nilimwonea huruma mpaka nikatoa machozi kidogo jikoni. (Ndiyo, nililia. Endeleeni kusoma.)

Na mnanijua mimi, nikishika jambo silishiki kwa vidole viwili. Nilianza kuogopa kila kitu. Mchuzi mzito niliuacha, kwa kuwa kuna wanaoutia farini, huu unga mweupe wa ngano wa dukani. Vitu vya kukaanga niliviacha, kwa kuwa kikaangio kimepikiwa maandazi. Kwa miaka miwili nimemlisha mtu mzima ndizi za kuchemsha na nyama ya kuchemsha, kama mgonjwa aliyetoka kupasuliwa jana. Naye alikula vijiko vichache, akashukuru, akatazama saa.

Hilo liliniuma. Nalisema wazi. Mimi ndiye niliyeolewa kwanza katika nyumba hiyo, miaka tisa sasa, lakini ndugu wa mume wangu wakitaka kula na kucheka wanakwenda Muhima. Kwangu wanakuja kuaga. Mama mkwe naye alipochagua pa kuishi, alichagua kwa Zaina, akasema huko ni karibu na soko. Sikutaka makubwa. Nilitaka Jumapili moja tu Shemeji Masudi ale kwangu mpaka ashibe, na Mama aone.

Mwezi uliopita, akiwa anasukuma ndizi huku na huko kwenye sahani, alishusha pumzi akasema kitu kimoja. Akasema katika yote aliyokatazwa, anachokikumbuka zaidi ni nyama ya kukaanga yenye ganda, ile inayolia ukiitafuna, aliyokuwa akila kwenye mkahawa mmoja mjini. Ganda lenyewe ni farini na mkate mkavu uliosagwa, akasema, basi, imekwisha hiyo. Idi alimtazama kaka yake vibaya kidogo. Sikujua kwa nini. Mimi nilikuwa nimeshaanza kufikiri.

Ganda lisilo na ngano. Kwani lazima iwe ngano?

Wiki yote hii nimekuwa nikifanya majaribio. Jumatatu nilipaka nyama unga wa muhogo mtupu. Ganda lilivutika kama gundi, kisha likabanduka lote ndani ya mafuta, nyama ikabaki uchi. Jumatano nikajaribu unga wa mahindi. Lilikauka vizuri, ila kulila kulikuwa kama kutafuna mchanga wa Nyabugogo. Alhamisi nikatia mtama. Naomba tusiizungumzie Alhamisi. Idi alikula vyote hivyo bila neno (mume mwema, nilijiambia), na jana baada ya umuganda, ile kazi ya pamoja ya Jumamosi ya mwisho wa mwezi, alipokuwa bado na matope miguuni, ndipo nilipopata.

Mchele. Nauosha, naukausha juani juu ya ungo, naukaanga mkavu bila mafuta mpaka uwe na rangi ya chai ya maziwa, kisha nautwanga. Siutwangi ukawa unga. Nauacha chengachenga, nyingine ndogo, nyingine kubwa kidogo, maana hizo chenga ndizo zinazolia mdomoni. Natia chumvi, pilipili manga, bizari, tangawizi kavu, na kitunguu saumu nilichokianika siku tatu kikawa kama kucha. Kuupeleka mchele kwenye mashine ya kusaga nilikataa. Mashine ile inasaga ngano za watu kutoka Byumba, na punje moja ikijificha humo, nimemuua shemeji yangu. Nilitwanga kwa mkono. Bega la kulia mpaka sasa halinyanyuki.

Basi, leo asubuhi nikaamka na kazi.

Farini yote iliyokuwa ndani niliitoa, nikaihifadhi kwa jirani. Kikaangio nilikisugua kwa majivu mara nne. Kinu na mchi nilivimwagia maji ya moto. Idi alipotoka kuchukua makaa akarudi na harufu ya andazi mdomoni, nikamrudisha uani akanawe mpaka kwenye viwiko na asukutue. Alisimama pale na birika mkononi, akanitazama, akafungua mdomo, akaufunga. Nikamwuliza kuna nini. Akasema hakuna kitu. (Kumbukeni hapo. Mtu alikuwa na nafasi ya kuniokoa, akachagua kusukutua.)

Nyama ilikuwa ya paja, safi. Niliichemsha kwanza na tangawizi na ndimu mpaka ikalainika, nikaipangusa kwa kitambaa kipya. Kila kipande nikakigaragaza kwanza kwenye unga wa muhogo, mkavu kabisa, ili yai lipate pa kushika. Halafu kwenye yai. Halafu kwenye chenga za mchele, nikikibana kwa kiganja. Nikavipanga kwenye sinia vikapumzika wakati naswali adhuhuri. Kupumzika ndiyo siri yenyewe. Ukikimbilia mafuta, ganda linakukimbia.

Wageni wakafika. Shemeji Masudi kwanza, na mfuko wake wa safari. Kisha Mama mkwe, na Zaina nyuma yake na kikapu kimefunikwa kitambaa, maana kwetu huendi kula kwa mtu mikono mitupu. Mume wake alikuwa safarini. Nilikipokea kikapu, nikakiweka kando ya mkeka bila kukifunua. Nilidhani ni ndizi. Nilikuwa na haraka, mafuta yalikuwa yameshapata moto.

Nikakaanga sinia la kwanza. Ndugu zangu, lilitoka vile nilivyolitaka. Rangi ya dhahabu, kavu, halidondoshi hata chenga. Nikaliweka katikati, na wali, na kachumbari. Wakasema Bismillah.

Shemeji Masudi akachukua kipande kimoja kwa wasiwasi, kama mtu aliyezoea chakula cha mgonjwa. Akauma. Ganda likalia, sote tukasikia. Akakitazama kile kipande, akakimaliza. Akachukua cha pili. Akachukua cha tatu kabla ya kumeza cha pili. Mimi nilikuwa nimesimama mlangoni nikijifanya nafuta mikono. Mama mkwe akalamba kidole, akauliza nimeweka nini humu.

Hapo ndipo nilipojiharibia. Ningesema ni mchele tu, yangeishia hapo. Lakini nilikuwa nimengoja miaka miwili. Nikatoa hotuba. Nikaeleza muhogo, nikaeleza mchele, nikaeleza kinu na bega. Nikasema humu ndani leo hamna hata punje moja ya ngano, mtu ale bila hofu. Nilimwangalia Shemeji nikisema hivyo, kwa upole, ili ajue nimemhifadhia siri yake. Yeye akainamisha kichwa kwenye wali. Nikadhani ni shukrani. Zaina alikuwa ananisikiliza huku uso umekunjamana, kama mtu anayesikia taarifa ya habari kwa lugha asiyoijua. Idi alikuwa anatazama dari. Dari yetu haina kitu cha kutazamwa.

Nikarudi jikoni kukaanga sinia la pili. Niliimba, nakiri.

Niliporudi nalo, kikapu cha Zaina kilikuwa wazi. Hazikuwa ndizi. Zilikuwa chapati, rundo zima, zimekunjwa nne nne, bado zinatoa mvuke. Na Shemeji Masudi, mgonjwa wangu, alikuwa ameshika moja mkononi, amezungushia kipande cha nyama yangu ya ganda, na nusu ilikuwa imeshaingia mdomoni.

Sikumbuki kuweka sinia chini. Idi anasema nilimwekea yeye mapajani. Ninachokumbuka ni kwamba niliruka mkeka, nikamnyang'anya ile chapati, na kwa mkono mwingine nikamshika kidevu.

"Tema, Shemeji! Tema hapa!"

Nikamwekea kiganja chini ya mdomo, kama unavyomfanyia mtoto aliyemeza kifungo.

Mnaelewa nilichofanya? Kaka mkubwa wa mume kwetu ni kama baba mkwe. Kwa miaka tisa nimemsalimia mtu huyu kwa mbali, nimeinama, mkono mmoja umeshika kiwiko cha mwingine. Sijawahi hata kumpokea kikombe bila kuangalia chini. Leo nilimshika taya mbele ya mama yake. Nilizisikia ndevu zake. Naye, maskini, kwa mshtuko, akatema.

Kiganjani mwangu.

Laiti ningeishia hapo. Nikamgeukia Zaina, chapati iliyoumwa iko mkono huu, iliyotafunwa iko mkono huu, nikamwambia mambo. Kwamba mtu akiwa na ugonjwa, ndugu ndio wa kumlinda. Kwamba mimi nimehangaika jikoni wiki nzima, yeye anakuja na sumu kwenye kikapu. Zaina hakukasirika. Hilo ndilo baya kuliko yote, hakukasirika hata kidogo. Aliniuliza taratibu tu:

"Mama Hawa, nani iko mgonjwa?"

Nikamwonyesha Shemeji kwa ile chapati.

"Lakini huyu iko anakula chapati yangu kila Ijumaa. Juzi amekula tano."

"Sita," akasema Mama mkwe. Kisha akamgeukia mwanawe. "Masudi, tangu lini wewe hauli ngano?"

Nilimtazama Idi. Idi alikuwa ameshika sinia mapajani na kuangalia vipande vya nyama kimoja kimoja, kana kwamba ataulizwa idadi yake. Hapo nikaanza kuelewa, kuanzia miguuni kupanda juu.

Shemeji Masudi alifuta mdomo kwa leso yake. Angeweza kudanganya tena. Angesema dogiteri alimruhusu Ijumaa tu, na mimi, kwa jinsi nilivyo, ningeamini. Lakini nadhani kule kutemeshwa kulimmaliza nguvu.

"Mama Hawa, unisamehe," akasema. "Tumbo yangu haina kitu."

Nikauliza, "Na dogiteri?"

"Hakuna dogiteri."

"Basi ilikuwa nini?"

Akamwangalia mama yake. Akamwangalia Idi, ambaye hakumsaidia. Akaangalia chini.

"Ni chapati yako. Iko nguvu, meno inashindwa."

Akaeleza, kwa adabu zote, kwamba hakutaka kuniudhi. Ukiwa mgeni huwezi kusema sitaki, wala huwezi kusema haikupikwa vizuri. Cha kukutoa ni ugonjwa tu. Akasema alidhani nitaacha chapati nimpe wali na mchuzi, mambo yaishe. Hakujua nitamchemshia kila kitu. Akasema zile ndizi za miaka miwili alizihesabu kuwa adhabu yake kutoka kwa Mungu, akazila kwa toba.

Mama mkwe ndiye aliyeanza. Alijaribu kuzuia, kanga mdomoni, mabega yanatikisika, halafu akashindwa, akacheka mpaka akajilaza ubavu kwenye mkeka. Zaina akafuata. Idi akacheka bila sauti, machozi yanamtoka, nyama bado iko mapajani. Mimi nilisimama katikati yao na chapati iliyotafunwa kiganjani. Nilikuwa na aibu. Nilikuwa na hasira pia, hasa kwa ajili ya bega langu. Na sikujua niende wapi, kwa sababu nyumba ni yangu, huwezi kuondoka kwako ukaenda zako.

Nikaenda kunawa. Uani nikakaa kidogo juu ya kinu. Niliwaza kutorudi ndani mpaka waondoke. Kisha nikasikia mtu anakohoa mlangoni, kile kikohozi cha mwanamume anayetaka kuongea na mwanamke wa nyumba. Shemeji Masudi. Hakuja uani. Alisimama ndani, akaongea na mlango, akasema samahani mara ya pili. Nikadhani ameondoka.

"Ile nyama," akasema, "iko ingine?"

Ilikuwapo. Vipande kumi na viwili. Nikaongeza makaa, nikakaanga vyote, nikavipeleka bila kumtazama mtu usoni. Alikula mpaka akafungua kifungo cha shati. Alipokea wali mara tatu. Mama mkwe akanitaka nimwonyeshe Zaina namna ya kuukaanga mchele bila kuuunguza, na Zaina akakaa kando ya jiko langu, akashika mchi, akauliza maswali ya maana. Nikamjibu. Kidogo kidogo nikamjibu vizuri. Yeye naye akaniambia, bila mimi kumwuliza, kwamba chapati zinahitaji maji ya uvuguvugu na kupumzika saa nzima. Nikamwambia najua. (Sikujua. Miaka tisa nimezikanda na kuzichoma papo hapo.)

Waliondoka baada ya alasiri. Mabaki hayakuwapo. Shemeji alichelewa gari, na mara hii hakutazama saa hata mara moja. Mlangoni nilimuaga kwa mbali, nimeinama sana, chini kuliko siku zote, na yeye alifunika kidevu kwa mkono. Nadhani ilikuwa bahati mbaya tu. Mama alicheka tena mpaka barabarani.

Tulipobaki wawili nikamwuliza Idi amejua tangu lini. Akasema tangu siku ya kwanza. Nikamwuliza kwa nini hakuniambia. Akasema kila alipotaka kusema, alinikuta nikisugua kitu.

Basi nikauliza lile lililokuwa limenikaa kooni. Nikamwambia, Baba Hawa, kaka yako alikula chapati moja akakimbilia kwa dogiteri. Wewe umezila miaka tisa, kila Ijumaa, na kila Ijumaa umesema asante. Wewe ulishindwa kuugua?

Akavuta uzi kwenye kanzu aliyokuwa anaishona.

"Mimi ungenisindikiza mpaka kwa dogiteri," akasema. "Ungeingia ndani."

Nimekaa hapa kwenye meza sasa, naandika, nawapitisha akilini watu wote waliowahi kula kwangu. Yupo mmoja aliyekuwa amefunga kila siku aliyopita, hata wiki ya sikukuu ya Idi. Yupo mwingine ambaye mchana wowote alikuwa ametoka kula sasa hivi. Kumbe.

Msicheke. Au chekeni, mko mbali, siwezi kuwazuia. Nawaomba jibu moja tu, na mlilete kwa dereva huyu huyu atakayewaletea barua. Asia, lile jino lako lililokuwa likianza kuuma kila nikifunua chapati, lilipona ulipofika Bujumbura?

Ni mimi,
Mama Hawa